Goti Lilipona Zamani, Kocha Bado Ananiomba Radhi

Shangazi Romana mpendwa, shikamoo.

Naomba msaada wako, na naomba unijibu kwanza kwa barua, gazetini uiweke baadaye ukiona inafaa, maana zimebaki wiki tatu tu kufika siku nitakayokueleza. Mimi ni mwanaume wa miaka thelathini na sita, naishi Shanwe hapa Mpanda, mke wangu Emelyne ni mwalimu, tuna watoto wawili, na kazi yangu ni msanifu majengo, ingawa watu wa hapa wanasema mchora ramani na mimi nimeshazoea, naitika. Nianze kwa kusema ukweli kwamba maisha yangu ni mazuri, nyumbani tunaelewana, kazi ipo, asubuhi nikifungua ofisi na kutandaza karatasi mezani nasikia raha ambayo sijui niielezeje, nimechora madarasa, zahanati, maduka, nyumba za watu hadi Kibaoni, na nikipita nikaona mama amekaa kwenye baraza niliyoichora mimi anachambua maharage, kivuli kimemkaa vizuri, natabasamu peke yangu kama mwehu. Shida yangu, Shangazi, ni jinsi nilivyoipata hii raha.

Nilizaliwa Katumba, wazazi wangu waliletwa nchini wakiwa watoto kutoka Burundi mwaka sabini na mbili, baba analima tumbaku, na kabla sijawa chochote nilikuwa winga wa kulia. Kocha wangu ni Mzee Silvesta, wakati huo mwalimu wa shule ya msingi hapa mjini, ndiye aliyeniona nikicheza peku kwenye mashindano ya vijiji, akaja kwetu kwa baiskeli mara tatu kumwomba baba aniruhusu nihamie mjini nicheze timu yake, mara ya kwanza baba alimwambia mpira hauvuni tumbaku, mara ya pili hakumpa hata kiti, mara ya tatu Kocha akavua shati akaingia shambani akavuna na sisi hadi jioni, ndipo baba akasema haya, mchukue. Nikakaa nyumbani kwake miaka minne, nikala kwake, nikamaliza kidato cha sita nikiwa kwake. Na nilikuwa na mbio, Shangazi, sijisifu, uwanja ulikuwa unaita jina langu kabla mpira haujanifikia, hadi timu moja kubwa ya Dar es Salaam ikatuma mtu aje kuniangalia.

Siku hiyo, nikiwa na miaka ishirini na mbili, tulikuwa tunacheza na timu kutoka Sumbawanga, mapumziko nikamwambia Kocha goti la kushoto linauma, akaliminya, akanitazama usoni, akasema, "Nipe dakika ishirini tu, mwanangu, huyu mgeni akuone, halafu nakutoa." Dakika ya kumi na saba beki akaniingia, nikasikia kitu kimelia ndani ya goti kama kijiti kikavu.

Nikapelekwa Mwanza kwa dada yangu Aline nikatibiwa huko, daktari akasema kano imechanika kidogo lakini haijakatika, nikae na plasta, kisha mazoezi, ndani ya miezi mitano nitacheza. Shemeji yangu alikuwa anatunza stoo kwenye ghorofa lililokuwa linajengwa, akaona nateseka kukaa nyumbani kutazama ukuta, akawa ananichukua asubuhi ananikalisha kwenye kibanda cha ofisi, mguu juu ya mfuko wa saruji. Kuna msanifu, dada mmoja anaitwa Josephina, alikuwa anakuja Jumanne na Ijumaa, siku moja akanikuta nachungulia michoro yake akaniuliza, "Unaona nini hapo?" Nikamwambia naona ngazi, ila mtu mrefu akipanda atagonga kichwa kwenye bimu. Akainama, akapima, kisha akanivutia kiti. Unajua tangu mtoto nilikuwa najenga na baba mabani ya kukaushia tumbaku, najua joto lipite wapi na upepo uingilie wapi, lakini sikuwahi kujua kwamba kuna watu hiyo ndiyo kazi yao. Nikawa nasubiri Jumanne na Ijumaa kama nilivyokuwa nasubiri mechi. Baadaye nikagundua nimemaliza wiki sita sijawaza mpira hata mara moja.

Mwezi wa tano daktari akanikunja mguu, akanichuchumalisha, akanirukisha, akasema umepona, rudi uwanjani. Nikatoka nje, na badala ya kufurahi nikasikia kama nimesomewa hukumu. Hapo hapo simu ikaita, ni Kocha, na kabla sijamwamkia ananiuliza, "Wamesemaje, mwanangu? Limeisha?" Hata sijajibu akasema tena, "Niambie tu. Goti limeisha?" Nikasema, "Ndiyo, Kocha. Limeisha."

Sikuwa nimepanga, Shangazi, naapa. Nilikuwa naogopa kumwambia mtu aliyevua shati akavuna tumbaku kwa ajili yangu kwamba kile kitu alichokipigania mimi sikitaki tena, nataka kukaa mezani na rula, na yeye akanifungulia njia nikapita. Nilimsikia akilia kwenye simu na bado sikumwambia ukweli. Nikaenda chuo, nikasoma miaka mitano, nikafanya kazi chini ya wenzangu hadi nikasajiliwa, na kila nikirudi likizo nachechemea, hadi Krismasi moja mama yangu Vénérande akaniita jikoni akaniambia taratibu, "Mwana wanje," yaani mwanangu, kwa Kirundi chake, "Pasaka ulikuwa unachechemea kushoto, leo ni kulia. Goti limehama?" Akarudi kwenye chungu chake, na hajaligusa tena neno hilo.

Kocha hakufundisha tena tangu mwaka ule. Alirudisha filimbi na jezi kwa viongozi akasema mtu anayevunja watoto wa watu hafai kushika filimbi. Sasa ni mstaafu, ana presha, anaishi na binti yake Scolastica mtaa wa pili kutoka kwangu, na kila Jumapili tukitoka kanisani ananiuliza goti linaendeleaje, na akisikia kuna mafuta ya kuchua, ya miti shamba au ya dukani, lazima aniletee, kabati langu limejaa chupa. Mwaka jana mabinti wa timu ya kata walimfuata awafundishe, nahodha wao Happiness alimbembeleza mwezi mzima, akawajibu, "Muulizeni Aristide nilichomfanyia." Wakaja kuniuliza. Nikawaambia ni mzee, mwacheni apumzike. Hilo ndilo linaloniuma kuliko yote.

Sasa kata imejenga jukwaa dogo na vyumba vya kubadilishia nguo pale uwanjani, nimechora mimi bila malipo, na kamati imemwalika Kocha aongee siku ya uzinduzi, na juzi Scolastica ameniambia baba yake anajifunza maneno mbele ya kioo, anataka kuniomba radhi mbele ya watu wote na anataka kupiga magoti. Fundi wangu Danford, niliyemweleza, anasema nyamaza, mzee ana presha utamuua, na wateja wakisikia watasema kama alidanganya goti, je zege? Emelyne nilimwambia kabla hatujaoana, na yeye anasema, "Mzee akipiga magoti siku ile, mimi nitanyanyuka niondoke, na watu wataniuliza kwa nini." Nifanyeje, Shangazi? Nimwambie, au nimwache aombe hiyo radhi ili na yeye moyo wake upoe yaishe? Majina usiyabadilishe, Mpanda ni ndogo, hata ukiyaficha watajua.

Aristide, Shanwe.

*

Aristide, marahaba.

Nimeisoma barua yako mara mbili. Mara ya kwanza nilicheka mama yako alipouliza kama goti limehama. Mara ya pili sikucheka.

Kwanza pole. Namwambia pole yule kijana wa miaka ishirini na mbili aliyesimama nje ya hospitali na simu sikioni. Alikuwa amekipata kitu anachokipenda na hakujua amwombe nani ruhusa. Kupenda rula kuliko mpira hakumkosei mtu yeyote, na kijana yule aliogopa kama vijana wanavyoogopa. Yule nimemsamehe.

Wewe wa leo, mume wa mtu, baba wa watoto wawili, mwenye mhuri na leseni, sijakusamehe bado. Umepokea chupa za mafuta Jumapili baada ya Jumapili kutoka mikononi mwa mzee anayejiona mhalifu, ukasema ahsante, ukaenda kuzipanga kabatini. Mabinti walipokuja kwako ulikuwa na nafasi ya kumrudishia mzee kazi yake kwa sentensi moja, ukawaambia apumzike. Apumzike na nini, Aristide? Unayemwita mzee anayepumzika alikuwa anahitaji watu wa kuwapigia kelele, na wewe ndiye uliyemfungia mlango. Mwenyewe umeandika kwamba hilo linakuuma kuliko yote. Vizuri. Liache liume.

Unaniuliza kama umwache aombe radhi moyo wake upoe. Hapana. Utapoaje kwa dawa ya ugonjwa usio wake? Atapiga magoti, wewe utamwinua, watu watapiga makofi, kisha Jumapili atakuuliza tena goti linaendeleaje. Na utamjibu.

Halafu sikiliza na hili, maana naona hujaliona. Kocha ana kosa lake. Alikuchezesha ukiwa unaumwa kwa sababu kulikuwa na mgeni wa kuonyeshwa. Hilo ni lake, usimnyang'anye. Ukienda kwake usianze kumpamba kwamba hakukosea lolote, atajua unambembeleza. Mwachie lile lake la dakika kumi na saba alibebe, ni saizi yake, ataliweza. Uchukue la miaka kumi na minne, hilo ni lako peke yako.

Danford ni fundi mzuri bila shaka, basi abaki kwenye matofali. Kuhusu presha, hofu yake ni ya haki, kwa hiyo utafanya hivi. Utamwambia Scolastica siku moja kabla kwamba una jambo zito la kumweleza baba yake, ahakikishe amekunywa dawa zake na yeye mwenyewe asitoke nyumbani. Utaenda asubuhi, siku ya kazi, ukiwa peke yako. Simu usitumie, mliharibu kwa simu. Usibebe sukari wala soda wala chochote, mkono mtupu. Ukishamwamkia usianze kusimulia Mwanza na ghorofa na dada Josephina. Sema kwanza, "Kocha, goti langu lilipona, ni mimi niliyekudanganya." Halafu funga mdomo. Akilia, kaa. Akikutukana, kaa. Akikufukuza, ondoka bila kubishana, na siku ya pili usipeleke wajumbe wa kukuombea. Mtu akipokea habari ya miaka kumi na minne ana haki ya kukasirika zaidi ya siku moja.

Na usithubutu kumwomba ibaki siri yenu. Yeye ndiye ataamua siku ya uzinduzi kisemwe nini na nani aseme.

Wateja wako wakiuliza habari ya zege, wapeleke saiti wapime. Kazi ipo pale, inaonekana.

Wiki tatu ni nyingi. Nenda wiki hii.

*

Hiyo ndiyo barua niliyomtumia. Baada ya miezi miwili Aristide ameniandikia tena, na yeye na Kocha wake wote wawili wameruhusu barua zichapishwe zote. Nawawekea alivyoandika.

*

Shangazi, shikamoo tena.

Nilienda Alhamisi, mkono mtupu kama ulivyosema. Nilimkuta Kocha uani amekaa kwenye kigoda anapukuchua mahindi, Scolastica yuko mlangoni anajifanya anafagia. Nikasema ile sentensi. Mikono yake ikasimama juu ya gunzi. Akaniuliza, "Lilipona lini?" Nikamwambia mwezi wa tano baada ya mechi, siku ile ile uliyonipigia simu. Akaniuliza, "Ulikuwa unaweza kukimbia?" Nikasema ndiyo. "Na kugeuka?" Ndiyo. Akanitazama mguu muda mrefu, kisha akasema, "Kimbia mpaka kwenye ule mpapai urudi."

Nikadhani anatania, Shangazi. Akasema, "Nimekwambia kimbia!" kwa ile sauti ambayo nilikuwa sijaisikia tangu nacheza, na mimi nikiwa na viatu vya ofisini na shati la kuchomekea nikakimbia mpaka kwenye mpapai, nikageuka, nikarudi, kuku wanatawanyika. Akaniambia tena. Nikakimbia tena. Mara ya tatu nilipofika mbele yake nahema alikuwa analia bila sauti, Scolastica amemshika bega. Akasema, "Ungeniambia tu hutaki. Ningekasirika wiki moja." Halafu akasema, "Toka kwangu."

Nikatoka. Jumapili kanisani alinipita kama nguzo. Wiki nzima sikula vizuri, Emelyne ananiambia tulia, Shangazi alishakuonya. Jumamosi iliyofuata niko saiti na Danford tunakagua rangi, nikamwona Kocha anaingia uwanjani polepole na fimbo yake, akazunguka jengo lote, akaingia vyumbani, akatoka, akaniambia, "Nionyeshe hicho kitu ulichoniacha mimi ukakifuata." Nikatandaza michoro kwenye ngazi za jukwaa. Nilimweleza saa nzima, kwa nini paa limelala upande ule, jua la saa kumi linaingiaje, maji ya mvua yanakwenda wapi. Alikuwa anauliza maswali kama anachunguza mchezaji mpya. Akaweka kidole kwenye dirisha la chumba cha wasichana akasema mtu akisimama kwenye tuta lile la nje anaona ndani. Nikaenda kusimama kwenye tuta. Ni kweli, Shangazi. Tukalipandisha dirisha wiki hiyo hiyo. Alipokuwa anaondoka akasema, "Hata hivyo krosi zako zilikuwa mbaya."

Siku ya uzinduzi aliongea akiwa amesimama. Alisema, "Nilimchezesha kijana akiwa anaumwa kwa sababu nilitaka sifa. Hilo naomba radhi." Nikasema nimekusamehe, Kocha. Akanipa kipaza sauti akasema, "Haya, na wewe." Nikasema yangu yote mbele ya watu, nimesimama sawa kwa miguu yote miwili. Mtu wa nyuma akapiga kelele, "Kumbe ubingwa tulikosa kwa ajili ya ramani!" uwanja ukacheka, hadi baba yangu ambaye alikuwa amekaa mstari wa mbele na uso umekunjamana. Yeye hakunisemesha hadi jioni, tulipokuwa tunakula aliniambia bani letu la zamani limeanza kuinama, nije niliangalie. Mteja wangu mmoja wa Kibaoni, Bwana Ndaki, alinipigia kesho yake anataka tuchimbe pembeni ya msingi wake tuhakikishe. Tukachimba. Akaridhika, akaniongezea na kazi ya ghala.

Kocha anafundisha mabinti sasa, Jumatatu, Jumatano na Ijumaa. Amepungua uzito, Scolastica anasema presha imeshuka, ila sauti haipo tena kwa kelele anazopiga. Hajaacha kunikasirikia moja kwa moja, kuna siku ananisalimia kwa mkato, nami namwacha.

Wiki iliyopita alikuja ofisini na karatasi ya daftari ameikunja mara nne. Anataka kujenga nyumba yake mwenyewe, ndogo, kwenye kiwanja chake, na amekwisha kuichora. Nikaifungua mezani. Sebule, vyumba viwili, jiko, kila kitu kimepimwa kwa hatua za miguu, mistari imenyooka vizuri sana kwa mtu aliyechora kwa mkono. Nikaigeuza huku na huku. Nikamwambia, "Kocha, hii nyumba haina mlango hata mmoja. Mtu anaingilia wapi?"

Akavuta kiti, akakaa.

"Sasa unadhani kwako nimefuata nini?"